Dupleksi ya Kariakoo: Mafunzo Niliyopata Kwenye Kazi ya Maboksi

Ukiingia duka la karatasi Kariakoo ukaomba dupleksi, utaulizwa kwanza unataka rimu ngapi. Swali la pili ni gramu ngapi, nalo si kila duka huliuliza. Kwa anayechapa kadi za michango ya harusi, maswali hayo mawili yanatosha. Kwa anayetengeneza boksi la chai, la sabuni au la viungo, hayatoshi hata kidogo, kwa sababu chini ya jina hilo moja zinauzwa kadibodi zenye tabia tofauti kabisa.

Kazi yangu ni kutengeneza maboksi madogo, karakana ikiwa Gerezani. Wateja wangu wengi ni wajasiriamali wa Ilala hii hii: wasagaji wa viungo wa Buguruni, wapishi wa sabuni wa Vingunguti, akina mama wanaokausha mchaichai Ukonga. Nayaandika haya kwa ajili yao. Wanatoa fedha yao ya jasho kununua kitu ambacho hakuna aliyewaeleza, na bidhaa yao ikikaa dukani karibu na ya kutoka ng'ambo, boksi ndilo linalohukumiwa kabla ya kilichomo.

1. Jina moja, kadibodi nne

Dupleksi ya asili ni kadibodi ya matabaka mawili yaliyounganishwa yakiwa bado mabichi kiwandani, jeupe juu na la kijivu chini. Siku hizi viwanda huweka matabaka matatu, manne au zaidi, na jina limebaki lile lile. Ukitaka kuyaona, loweka kipande kwenye maji ya vuguvugu kisha kichambue kwa kucha. Juu kabisa kuna mpako laini wa chokaa au kaolini, ule udongo mweupe ambao hata vilima vyetu vya Pugu vinao. Mpako ndio unaoshika wino na kuifanya picha ing'ae. Chini yake kuna tabaka jembamba jeupe. Tumbo na mgongo ni kijivu, na kijivu hicho ni magazeti, madaftari na maboksi ya zamani yaliyosagwa upya.

Hiyo ndiyo ya kwanza, mgongo wa kijivu, na ndiyo ya bei nafuu. Ya pili ni mgongo mweupe. Tumbo lake ni kijivu vile vile, ila nyuma imefunikwa tabaka jingine jeupe, na mnunuzi asiye makini huidhani safi mpaka ndani. Ya tatu wengi huiita aivori: nyuzi zake ni mpya, zimetoka kwenye mti moja kwa moja, na tumbo lake ni jeupe au la krimu. Ya nne ni krafti, ya kahawia, ambayo mtaani ni khaki tu. Nyuzi zake ni ndefu na haichaniki kirahisi.

Namna ya kuzitofautisha haihitaji kifaa. Chana kona taratibu, kwa mshazari, utazame rangi ya tumbo. Muuzaji mwaminifu hatakukataza kuchana kipande cha sampuli. Na kama rimu imetoka kiwanda kinachofuata mfumo wa Kijerumani wa DIN 19303, lebo yake itakuwa na herufi mbili zinazosema yote. Ya kwanza, G, maana yake imepakwa. Ya pili inataja nyuzi: D ni zilizorejelezwa na mgongo wa kijivu, T ni zilizorejelezwa na mgongo wa rangi nyingine, C ni nyuzi mpya zilizosagwa kwa mashine, Z ni nyuzi mpya zilizosafishwa kwa kemikali hadi zikawa nyeupe tupu. Kwa hiyo rimu iliyoandikwa GD2 ni mgongo wa kijivu hata kama dukani imepewa jina tamu zaidi.

2. Gramu hupimwa, haziaminiwi kwa mdomo

Gramu za kadibodi ni uzito wa mita moja ya mraba. Dupleksi ya gramu 300 ni ile ambayo ukikata kipande cha mita moja kwa mita moja, kitakuwa na gramu 300. Hakuna anayekata kipande kikubwa hivyo dukani, lakini hesabu ndogo inatosha. Kata vipande kumi vya sentimita 10 kwa 10. Vyote kwa pamoja ni sehemu ya kumi ya mita ya mraba. Vipime kwenye mizani ndogo ya kidijitali, kama zile za masonara, uzidishe jibu kwa kumi. Gramu 30 maana yake kadibodi ni ya 300. Gramu 27 maana yake ni ya 270, iwe imeandikwa nini kwenye karatasi ya kufungia.

Mwenye haraka apime rimu nzima. Karatasi ya sentimita 70 kwa 100, ya gramu 300, ina uzito wa gramu 210. Karatasi mia ni kilo 21. Rimu ya namna hiyo ikisoma kilo 19 kwenye mizani, hapo pana mazungumzo ya kufanya kabla pesa haijatoka mfukoni. Kiwanda huruhusiwa tofauti ya asilimia chache; asilimia kumi si tofauti ya kiwanda.

Mteja wangu mmoja, mama wa viungo, aliniuliza kwa masikitiko, "Sasa mwanangu, nikitoa mizani pale dukani si wataniona namdharau mtu?" Nikamwambia hapana, mama. Nyanya tunazipima, mchele tunaupima, dhahabu tunaipima, na hakuna anayekasirika. Kadibodi nayo inauzwa kwa uzito tangu kiwandani.

3. Uzito si unene

Hapa ndipo fedha nyingi za wajasiriamali hupotea. Mtu akiona boksi lake limelegea, dawa anayoifikiria ni kuongeza gramu: kutoka 300 kwenda 350, kutoka 350 kwenda 400. Lakini ugumu wa boksi, yaani uwezo wake wa kusimama bila kujikunja, hutegemea unene kuliko uzito. Kadibodi ya tabaka moja ikiongezeka unene mara mbili, ugumu wake huongezeka karibu mara nane.

Na unene haulingani kwa kadibodi zote za uzito mmoja. Nyuzi zilizorejelezwa zimeshagandamizwa na kuchoka, kwa hiyo hulala zikashikana. Nyuzi mpya zilizosagwa kwa mashine hukaa zimeachana kidogo, zikibeba hewa katikati. Dupleksi ya kijivu ya gramu 300 huwa na unene wa maikroni 400 hivi, yaani milimita 0.4. Aivori ya gramu 250 tu inaweza kufikia unene huo huo.

Sasa fanya hesabu ya kilo. Kilo moja ya gramu 300 inakupa mita za mraba 3.3. Kilo moja ya gramu 250 inakupa mita za mraba 4. Aivori ni ghali zaidi kwa kilo, hilo halina ubishi, lakini kwa boksi moja moja pengo hupungua sana, na zipo nyakati ambapo linaisha kabisa. Ninapompa mteja bei huwa naandika zote mbili, kwa boksi, si kwa rimu. Naamini kila mchapaji angefanya hivyo wateja wangechagua vizuri zaidi.

Kupima unene kunahitaji maikromita. Mafundi wa chuma Gerezani wanazo na hawana choyo.

4. Kadibodi ina mkondo

Nilifundishwa hili na mzee mmoja aliyekuwa ameendesha mashine ya zamani ya Heidelberg, ile ya kupiga dai, yaani ubao wa vyuma vya kukatia na kukunjia maboksi, tangu ujana wake. Nilimpelekea dupleksi nzuri, gramu zimepimwa, unene umepimwa, na maboksi ya chai yaliyotokana nayo yakawa yamevimba tumbo. Nikamwamkia, akaitikia marahaba, akachukua boksi moja akalikunja kwa vidole gumba mara moja huku, mara moja kule. "Mwanangu, hii ina mkondo kama ubao," akasema. "Walioipanga kwenye dai hawakuutazama."

Kiwandani, rojo la nyuzi zilizosagwa humwagwa juu ya wavu unaokimbia, na nyuzi nyingi hulala kuelekea upande ule mashine inakokwenda. Kwa sababu hiyo kadibodi huwa ngumu zaidi, mara nyingi karibu maradufu, ukiikunja kukatisha nyuzi kuliko ukiikunja kufuata nyuzi. Boksi lililosimama, la chai, la dawa au la viungo, linatakiwa mkondo wake ulizunguke kama mkanda unavyozunguka kiuno, ukikata mikunjo mirefu ya wima. Hapo kuta hazivimbi bidhaa inaposukuma kutoka ndani. Mkondo ukielekea juu, boksi hutoa tumbo hata kwa kadibodi bora.

Namna ya kuujua mkondo ni rahisi. Kata kipande cha mraba, lowesha upande mmoja kwa sifongo. Nyuzi zikinyonya maji hutanuka kwa upana wake, si kwa urefu, kwa hiyo kipande hujikunja kiwe bomba. Bomba linakoelekea ndiko mkondo ulikolala. Alama hiyo ichore kwa penseli kwenye kila rimu kabla haijaingia kwenye gilotini, maana ikishakatwa vipande vidogo utachanganyikiwa.

Jambo la mikunjo linastahili neno zaidi, kwa sababu ndilo linaloharibu sura ya boksi. Mpako wa juu ni madini, hauvutiki. Ukiikunja kadibodi bila mfereji, mpako hupasuka na mstari mweupe hutokea katikati ya picha. Ndiyo maana dai ina vyuma vya aina mbili, vyenye makali vya kukatia na butu vya kukunjia, na chini ya kile butu kuna mfereji. Wengi hutumia kanuni hii: upana wa mfereji ni unene wa chuma jumlisha mara moja na nusu ya unene wa kadibodi. Chuma cha milimita 0.7 na kadibodi ya 0.4 hutaka mfereji wa milimita 1.3. Mfereji mpana kupita kiasi hufanya kona zilegee, mwembamba huchana.

Wazo la kukata na kukunja kwa pigo moja lina historia yake. Robert Gair, mchapaji wa Brooklyn aliyezaliwa Scotland, alikuwa akichapa mifuko ya mbegu mwaka 1879 pale chuma cha kukunjia kilipohama mahali pake kikaikata mifuko. Badala ya kuitupa na kusahau, aliona kwamba chuma kikipangwa kwa urefu tofauti, mashine moja inaweza kukata na kukunja kwa pamoja. Kabla yake maboksi ya kadibodi yalitengenezwa kwa mkono, moja baada ya jingine. Kila boksi la panadoli unalolinunua mtaa wa Uhuru limetokana na siku hiyo.

5. Masika huingia ndani ya rimu

Dar es Salaam ni mji wa unyevu, na kuanzia Machi hadi Mei unyevu huo huzidi. Kadibodi hunywa unyevu wa hewa. Rimu iliyofunguliwa jioni na kuachwa wazi karibu na dirisha, asubuhi kingo zake zimevimba na katikati imebaki vile vile; ikipita mashineni rangi nne hazikai sawasawa moja juu ya nyingine, na maandishi yanaonekana kuwa na kivuli.

Kinga yake ni nidhamu. Rimu ibaki kwenye nailoni yake mpaka saa ya kuchapa. Iwekwe juu ya mbao, isiguse sakafu wala ukuta. Ikitoka kwenye gari lililopigwa jua, ipumzike karakanani siku nzima ikiwa imefungwa kabla ya kufunguliwa. Na baada ya kuchapa, wino upewe muda wake, hasa masika, hata mteja akipiga simu kila saa.

6. Agizo liandikwe lote

Mfano wa agizo ninaloliheshimu: "Aivori, nyuzi mpya, tumbo jeupe, gramu 250, unene usiopungua maikroni 390, sentimita 70 kwa 100, mkondo kwenye upande wa 100, rimu 20." Mstari mmoja tu, na ubishi wote unaisha.

7. Kijivu na chakula

Hili nalisema kwa uzito kuliko yote, kwa sababu linahusu matumbo ya watoto wetu.

Magazeti huchapwa kwa wino wenye mafuta yanayotokana na petroli. Gazeti likisagwa kuwa kadibodi, mafuta hayo hayatoki yote. Yanabaki kwenye tabaka la kijivu, huvukizwa polepole hata bila moto, na kuhamia kwenye chakula kikavu kilicho ndani ya boksi: unga, mchele, nafaka. Watafiti wa maabara ya serikali ya jimbo la Zurich, Uswisi, Koni Grob akiwa mmoja wao, ndio waliolibainisha jambo hili kwa vipimo. Habari ilipoenea mwaka 2011, kampuni ya nafaka ya Jordans ya Uingereza ilieleza kwamba imeacha kadibodi iliyorejelezwa. Mwaka 2012 mamlaka ya usalama wa chakula ya Umoja wa Ulaya ilitoa tathmini yake, ikisema kundi moja la mafuta hayo linaweza kuharibu vinasaba na kusababisha saratani.

Huko ni nchi za baridi. Sisi maghala yetu Kariakoo yana joto la kutosha kuharakisha uvukizaji huo.

Wateja wengi huniambia, "Lakini kaka, ndani kuna kimfuko cha nailoni." Nailoni ya kawaida, ile laini ya polithini, haiyazuii mafuta hayo kwa muda mrefu, hupenya. Karatasi nayo huyapitisha. Kinachozuia ni kimfuko chenye tabaka la alumini, au cha plastiki ya aina ya PET, ile inayotengenezewa chupa za maji. Marufuku ya mifuko ya plastiki iliyoanza tarehe 1 Juni 2019 ililenga mifuko ya kubebea. Vifungashio vya chakula kiwandani vilibaki kuruhusiwa, kwa hiyo mjasiriamali anaweza kutumia kimfuko bora bila hofu ya sheria. Asiyetaka kimfuko atumie kadibodi ya nyuzi mpya.

Chakula chenye mafuta yake, maandazi, sambusa, kuku wa kukaanga, kisiguse mgongo wa kijivu kabisa. Mafuta ya chakula huvuta mafuta ya wino. Siku hizi maboksi ya vyakula vya harusini na misibani yameongezeka sana Ilala, na mengi ninayoyaona yana kijivu upande ule ule unaopokea chakula cha moto. Wenzangu wachapaji, tukatae kazi hiyo au tumwekee mteja kadibodi nyingine. Tangu mwaka 2019 Shirika la Viwango Tanzania, TBS, ndilo linalosimamia pia usalama wa chakula, na mjasiriamali anayekwenda kuomba alama ya ubora ana haki ya kuuliza hapo kuhusu kifungashio chake, si kuhusu unga peke yake.

Kijivu chenyewe sikisemi vibaya. Kwa boksi la balbu, la viatu, la vipuri vya pikipiki, ndicho kinachofaa, na ni kitu chema kwamba miti haikukatwa kwa ajili yake.

8. Boksi halifi Kariakoo

Jioni, maduka ya mitaa ya Kongo na Sikukuu yakishafungua mizigo ya siku, vijana hupita kukusanya maboksi makubwa yenye mawimbi ndani. Huyabomoa, huyalaza, huyafunga kamba na kuyapakia kwenye guta mpaka mwendeshaji haonekani. Yanauzwa kwa kilo, na yaliyolowa hukatwa bei, kwa kuwa mnunuzi hataki kulipia maji. Kazi hii inadharauliwa na haistahili dharau. Bila wao, Kariakoo ingezama kwenye maboksi ndani ya wiki moja, na viwanda vya karatasi vingekosa malighafi.

Nyuzi huwa fupi na dhaifu kadiri zinavyosagwa tena na tena, kwa hiyo mahali fulani lazima nyuzi mpya ziingie. Kwetu chanzo kikubwa ni misonobari ya Sao Hill, na kiwanda cha Mgololo, Mufindi, kilichoanza uzalishaji miaka ya 1980 kikiitwa Southern Paper Mills. Leo, kwa jina la Mufindi Paper Mills, kinatengeneza krafti. Dupleksi iliyopakwa, mimi binafsi nimeinunua siku zote ikiwa imetoka kwa meli.

Kinachonikera ni plastiki tunayoibandika juu ya maboksi madogo ili yang'ae. Utando huo haukubali kusagwa. Rojo huchujwa ukabaki umejiviringa kwenye chujio, na wanunuzi wengi wa maboksi chakavu hukataa kadibodi yenye utando. Ipo vanishi ya maji inayong'aa vizuri, inayokinga wino usikwaruzike, na isiyozuia kusagwa. Boksi la samaki wa kugandishwa linahitaji plastiki, nakubali. La sabuni linalokaa kaunta kavu siku chache kisha likanunuliwa halihitaji, na huwa nasema hivyo kabla ya kuandika bei. Wengine hukubali. Wengine hutaka mng'ao wa utando kwa sababu jirani yao anao, na hao nawaomba angalau wachague krafti kwa boksi kubwa la kusafirishia, ili vijana wa guta wapate cha kuuza.